Nani Ashike Nambari? Vipimo vya Fedha na Wakuu wa Kampuni Zetu

Katika mkutano wa kila mwezi wa wakuu wa kampuni, kuna dakika moja inayonifunza mengi kuliko ripoti nzima iliyo mezani. Ni pale mwenyekiti anapoifikia nambari iliyoharibika, akaisoma kwa sauti, kisha akanyamaza, na wote waliokaa wakageuza nyuso zao upande mmoja. Nikiwa mgeni katika chumba hicho simtazami anayesoma. Natazama nyuso zinaelekea wapi.

Mwaka juzi nilikaa katika chumba cha namna hiyo mjini Kisumu, katika kampuni inayouza mabati, nondo na saruji kwa maduka ya ujenzi na kwa wanakandarasi wa Siaya, Vihiga na Busia. Ofisi iko juu ya ghala, na kila nondo zilipokuwa zikishushwa chini msemaji alilazimika kusubiri kelele zipungue. Nambari ya siku hiyo ilikuwa ya muda ambao wateja huchukua kabla ya kulipa: siku 118, ilhali kila ankara imeandikwa siku 30. Nyuso zote, ukiwemo uso wa meneja wa mauzo, zilimgeukia mkuu wa fedha. Naye, bila kuteta, akafungua daftari lake na kuandika maneno mawili: "Kufuatilia wadaiwa." Baada ya mkutano nilimwomba anionyeshe kurasa za nyuma. Maneno hayo hayo yalikuwa yameandikwa miezi mitano mfululizo, kwa mwandiko ule ule, na mara mbili yalikuwa yamepigiwa mstari.

Mama huyu hakumuuzia mtu bati hata moja. Hakumwahidi mwanakandarasi yeyote siku tisini, wala hakumpigia dereva simu saa kumi na moja jioni apakie mzigo wa mteja ambaye bado anadaiwa wa mwezi uliopita. Alichofanya yeye ni kuhesabu siku. Kumtwika nambari hiyo ni sawa na kumdai karani wa mizani kilo zilizopungua katika gunia. Hata hivyo, ndivyo kampuni nyingi zifanyavyo kuanzia Nakuru hadi mpakani: kila kipimo kinachoandikwa kwa shilingi hupelekwa kwa mkuu wa fedha, kana kwamba pesa ni idara yake na kazi nyingine zote ni za wenzake.

Kiswahili kinatusaidia kuliona kosa hili kwa sababu kinatofautisha mambo matatu ambayo mkutanoni huchanganywa. Jukumu ni kazi uliyopewa uifanye. Dhamana ni kitu ulichokabidhiwa pamoja na mamlaka ya kukiamulia, na ndiyo maana tunasema waziri mwenye dhamana ya jambo fulani. Kuwajibika ni kujibu mambo yanapokwenda vibaya, na katika siasa zetu neno hilo limefikia hata kumaanisha kujiuzulu. Katika kampuni ile ya mabati, jukumu la kuwapigia wadaiwa simu lilikuwa la karani kijana wa hesabu, dhamana ya kuamua nani akopeshwe ilikuwa ya meneja wa mauzo, na aliyewajibika mbele ya bodi alikuwa mkuu wa fedha. Vitu vitatu vilikuwa mikononi mwa watu watatu, na hakuna aliyekuwa na viwili.

Ili nisionekane nazungumza hewani, tuichukue ankara moja. Bei kabla ya kodi ni shilingi 1,000,000, na kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 16 inaifikisha 1,160,000. Bidhaa zenyewe zilinunuliwa kwa pesa taslimu, shilingi 880,000 pamoja na kodi yake ya 140,800. Faida ghafi ni 120,000, na hiyo ndiyo inayoonekana katika ripoti ya mauzo. Kufikia tarehe 20 ya mwezi unaofuata kampuni inatakiwa kuwasilisha kwa KRA, mamlaka ya mapato ya Kenya, tofauti ya kodi hizo mbili, yaani shilingi 19,200, mteja awe amelipa au hajalipa, kwa sababu kodi hiyo hufuata ankara, haisubiri hundi. Kwa hiyo shilingi 1,040,000 zimetoka na hakuna hata senti iliyoingia. Ikiwa pesa hizo ni za benki kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, na mteja akakaa siku 120, riba peke yake inafika 51,000 hivi. Muuzaji amekwisha kulipwa kamisheni yake ya asilimia 2, shilingi 20,000, siku ile ile ankara ilipotoka. Katika zile 120,000 zimebaki 49,000, na hatujamlipa dereva, mlinzi wala pango la ghala.

Sasa ulizeni ile 51,000 imeandikwa wapi. Haimo katika ripoti ya mauzo. Imo chini kabisa ya taarifa ya mapato, katika mstari unaoitwa gharama za fedha, ambao kwa desturi huhesabiwa kuwa wa idara ya fedha. Ripoti yenyewe, kwa jinsi ilivyopangwa, imeliondoa dhara kwa aliyelisababisha na kuliweka kwa aliyeliandika. Meneja wa mauzo si mtu mbaya, wala si mjinga. Anafanya kile anacholipiwa, na mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Ukimsifu mtu kwa ankara, atakuletea ankara.

Hoja yangu basi ni rahisi kuitaja ingawa si rahisi kuitekeleza: kila kipimo cha fedha kikabidhiwe mtu mmoja aliye na mamlaka juu ya maamuzi yanayokipandisha na kukishusha, na mkuu wa fedha abaki na kazi ya kukipima kwa ukweli. Siku za wadaiwa ni za meneja wa mauzo. Lakini kumpa nambari bila nguvu ni kumtega. Ikiwa ni zake, basi awe na uwezo wa kuzuia lori lisitoke, kamisheni za vijana wake zilipwe pesa zinapoingia wala si ankara inapotoka, na asiwepo mkubwa wa kumzunguka na kumkopesha mteja kwa mlango wa nyuma.

Kuna watakaosema kwamba meneja wa namna hiyo atakuwa mwoga na mauzo yataanguka. Pingamizi hilo lina uzito, na nimewahi kuona likitokea. Ndiyo sababu sipendekezi aondolewe kipimo cha mauzo. Napendekeza avishike vyote viwili. Mwenye nambari moja huikimbiza mpaka ukutani, lakini mwenye nambari mbili zinazovutana hulazimika kupima kabla ya kuamua. Mkuu wa fedha naye asimamie kiwango cha juu cha pesa zote zinazoruhusiwa kuwa nje kwa wateja, kwa sababu yeye ndiye anayejua benki itavumilia kiasi gani. Ndani ya kiwango hicho, nani apewe na nani anyimwe ni dhamana ya mauzo. Nadhani kampuni nyingi zingetatua nusu ya ugomvi wao kwa kuchora mpaka huo mmoja tu.

Wakati mwingine, hata hivyo, mtu ni sahihi ila kipimo alichopewa ndicho kibovu. Nilianza kazi Nakuru katika kinu cha vyakula vya mifugo, na somo hilo nililipata kwa mahindi. Mavuno ya Trans Nzoia na Uasin Gishu huingia sokoni kuanzia Oktoba hadi Januari, na meneja wetu wa ununuzi alipimwa kwa jambo moja tu, bei ya gunia la kilo 90 langoni. Kwa hiyo Novemba ilipofika alinunua kwa pupa, ghala likajaa hadi kwenye paa, na katika mkutano wa Desemba akapigiwa makofi. Fanya hesabu. Magunia 10,000 kwa shilingi 3,000 ni milioni 30. Kwa riba ya asilimia 15, miezi sita inagharimu milioni 2.25, ambazo ni shilingi 225 kwa gunia. Mahindi yakiingia na unyevu wa asilimia 15 na kukaushwa hadi 13.5, kila gunia limepoteza zaidi ya kilo moja na nusu ya maji uliyoyanunua kwa bei ya mahindi, takriban shilingi 52. Gunia la 3,000 limekuwa la 3,277 kabla fukusi na dumuzi hawajala fungu lao.

Ikiwa Mei bei ya soko imefika 3,800, basi alifanya kazi ya maana sana. Ikiwa ni 3,200, yale makofi yalikuwa ya hasara. Ripoti yetu haikuweza kutofautisha hali hizo mbili, kwa sababu bei ya langoni ilikuwa ya ununuzi, riba ilikuwa ya fedha, na kilo zilizopungua zilikuwa za bohari. Msimamizi wa bohari, mzee mmoja mpole kutoka Njoro, aliandikiwa barua mbili za kujieleza kuhusu upungufu wa uzito uliotokana na jua. Laiti meneja wa ununuzi angepimwa kwa gharama ya gunia hadi linapomwagwa kwenye kinu, bila hata kubadilisha mtu, nambari hizo tatu zingekuwa moja na zingekuwa zake.

Wazo la kuivunja nambari kubwa hadi ifike kwa mwenye mkono juu yake si geni. Mwanzoni mwa karne ya 20, Donaldson Brown, mhandisi wa umeme aliyeishia katika mambo ya fedha kwenye kampuni ya DuPont huko Marekani, alionyesha kwamba faida juu ya mtaji hutokana na kuzidisha vitu viwili: faida inayobaki katika kila shilingi ya mauzo, na mara ngapi mtaji unazunguka kwa mwaka. Baadaye alihamia kampuni ya magari ya General Motors, ambako katika miaka ya 1920, chini ya mkuu wake Alfred Sloan, hesabu hiyo ilitumiwa kuwapima wakuu wa matawi waliokuwa na uhuru wa kuamua mambo yao. Muuza jumla wa soko la Kibuye anayepata asilimia 3 na kuzungusha mtaji mara sita analingana na mwenye kiwanda anayepata asilimia 12 na kuuzungusha mara moja na nusu. Wote wawili wamefika 18. Uzuri wa hesabu hiyo uko katika kuonyesha wapi pa kumtafuta mhusika. Bei na gharama zina watu wao, na mzunguko wa mtaji una watu wengine.

Mahali pagumu ni pale nambari inapokatiza idara. Eneo letu lina mfano ambao kila mtu anaujua, kwa kuwa tumeuona ukipita barabarani juu ya trela. Muwa ukishakatwa huanza kupoteza sukari, na unatakiwa kufika kwenye kinu ndani ya siku moja au mbili. Idara ya kilimo ya kiwanda hupimwa kwa tani za miwa zilizoletwa. Usafirishaji hupimwa kwa safari. Kiwanda hupimwa kwa tani ngapi za miwa zinatoa tani moja ya sukari. Mkulima naye kwa muda mrefu amelipwa kwa uzito, si kwa utamu. Kwa mpango huo matrekta yanaweza kupanga foleni siku tatu langoni, kilimo kikatangaza kimetimiza tani zake, usafirishaji ukatangaza safari zake, na meneja wa kiwanda akaitwa aeleze kwa nini miwa yote ile imetoa sukari kidogo.

Nambari ya namna hiyo mpeni nani? Jibu la kawaida ni kuunda kamati. Mimi sikubaliani nalo. Manahodha wengi chombo huenda mrama, na kamati ya watu watano wenye nambari moja ni nyuso tano zinazotafutana. Kipimo kinachokatiza idara kinapaswa kupanda ngazi hadi kimfikie mtu wa kwanza mwenye mamlaka juu ya idara zote zinazohusika, na mara nyingi mtu huyo ni mkurugenzi mkuu mwenyewe. Saa kati ya kukatwa na kusagwa ni zake. Zawadi ya mwisho wa mwaka inaweza kugawanywa kwa wote, na ni vyema igawanywe, lakini dhamana haigawanyiki hivyo.

Sitaki kuyarahisisha mambo ya sukari. Kampuni ya Mumias, iliyoanza kuzalisha mwaka 1973 na kuuza hisa zake katika soko la Nairobi mwaka 2001, ilipata hasara mwaka baada ya mwaka, na kwa mwaka ulioishia Juni 2018 hasara hiyo ilifika takriban shilingi bilioni 15, kisha Septemba 2019 benki ya KCB ikaiweka chini ya meneja mrasimu, yaani msimamizi anayewekwa na mdai ili kuokoa deni lake. Sababu zilizotajwa ni nyingi, zikiwemo madeni, uhaba wa miwa, sukari ya nje na usimamizi, na makala kama hii haiwezi kuzipima. Ninachotaka kusema ni hiki kimoja: hasara hizo zilichapishwa. Kila mwenye hisa aliweza kuzisoma. Nambari ikiwa wazi kwa kila mtu bado inaweza kukosa mtu mmoja wa kuizuia.

Mkurugenzi mkuu naye ana mtego wake. Bodi nyingi, kwa kuiga kampuni kubwa za Nairobi, zimeanza kumpima kwa faida kabla ya riba, kodi na uchakavu. Kipimo hicho kina matumizi yake mtu anapotaka kulinganisha viwanda viwili vyenye madeni tofauti, lakini kama ndicho pekee cha kuamulia marupurupu yake, basi kwake yeye mtaji ni wa bure. Anaweza kununua mtambo mpya kwa mkopo, mauzo yakapanda kidogo, kipimo kikapendeza, na riba pamoja na uchakavu wa mtambo vikaangukia chini ya mstari ambao haumhusu. Mwenye mamlaka ya kukopa na kununua mitambo lazima apimwe kwa faida iliyobaki baada ya kuulipia mtaji huo. Bodi isiyofanya hivyo isimlaumu mkuu wa fedha kwa ukubwa wa deni ambalo hakuliomba.

Vyama vya akiba na mikopo, ambavyo magharibi mwa Kenya vina wanachama wengi kuanzia walimu hadi wakulima wa chai, vinaonyesha hatari nyingine: nambari inayoweza kupendezeshwa bila chochote kubadilika. Kanuni zinazosimamiwa na SASRA, mamlaka inayosimamia vyama hivyo, zinataka mkopo uliochelewa kati ya siku 181 na 360 utengewe akiba ya hasara ya asilimia 50 ya kiasi chake, na ukipita siku 360 utengewe wote. Kwa hiyo sehemu ya mikopo isiyolipika ni nambari inayotazamwa kwa jicho kali, na vyama vingi humpa meneja wa tawi. Tuseme tawi lina mikopo ya milioni 500, na milioni 40 hailipiki, yaani asilimia 8. Meneja akitoa mikopo mipya ya milioni 150 katika miezi miwili, sehemu hiyo inashuka hadi asilimia 6.2. Hakuna mdaiwa hata mmoja aliyelipa. Kilichoongezeka ni idadi ya watu ambao bado hawajapata muda wa kushindwa kulipa. Njia nyingine, inayojulikana na kila afisa wa mikopo, ni kumpa mdaiwa mkopo mpya aulipie ule wa zamani.

Hapa dawa si kumwondolea meneja kipimo hicho, bali kumpimia jambo lisilopendezeka kirahisi, kama vile kati ya mikopo aliyoitoa robo fulani ya mwaka ni mingapi imechelewa mwaka mmoja baadaye, hata kama amehamishiwa tawi lingine. Tena anayepima asiwe chini ya anayepimwa. Marekani walijifunza hili kwa gharama: mwaka 2016 benki ya Wells Fargo ilitozwa faini ya dola milioni 185 baada ya kubainika kwamba wafanyakazi wake walikuwa wakifungua akaunti ambazo wateja hawakuziomba ili kutimiza viwango vya mauzo, na wafanyakazi wapatao 5,300 walikuwa wamefutwa kazi. Viwango viliwekwa na wa juu, lakini waliotangulia kuvilipia walikuwa wa chini. Katika vyama vyetu kuna ugumu wa ziada, kwamba mweka hazina huchaguliwa na wanachama, meneja wa fedha huajiriwa, na kila mmoja anaweza kusema kwa unyofu kabisa kwamba alidhani ukwasi wa chama, yaani pesa zilizo tayari kulipwa, ule usiopaswa kushuka chini ya asilimia 15, ni wa mwenzake.

Mtu anaweza kuniuliza sheria inasemaje. Sheria ya Kampuni ya Kenya ya mwaka 2015, katika kifungu cha 145, inamtaka kila mkurugenzi afanye kazi kwa uangalifu, ujuzi na bidii ya kadiri, na taarifa za fedha huidhinishwa na bodi. Sheria ya Marekani ya mwaka 2002, iliyotungwa baada ya kuanguka kwa kampuni ya nishati ya Enron, ilikwenda mbali zaidi kwa kumtaka mkurugenzi mkuu na mkuu wa fedha, kila mmoja kwa jina lake, athibitishe ripoti kwa saini. Lakini tuangalie vizuri: saini hizo zinahusu ukweli wa nambari, hazihusu uzuri wake. Ripoti ya hasara iliyoandikwa kwa ukweli ni ripoti halali. Kwa hiyo sheria haitatugawia vipimo. Inachofanya ni kuulinda upimaji, na hilo ndilo hasa ninaloona kuwa la mkuu wa fedha.

Wala sisemi mkuu wa fedha akae mikono mitupu. Zipo nambari zilizo zake kabisa: gharama ya mikopo aliyoijadili na benki, makadirio ya pesa taslimu ya wiki kumi na tatu zijazo, kodi ya mishahara kulipwa kufikia tarehe 9 na ile ya ongezeko la thamani tarehe 20 bila adhabu, na ripoti ya mwezi kuwa mezani mapema kiasi cha kumsaidia mtu kuamua. Zaidi ya hizo ana mamlaka moja ambayo asikubali kuyagawa, nayo ni kueleza kila kipimo kinahesabiwaje. Kule Kisumu, nilipotaka kujua siku 118 zimetoka wapi, meneja wa mauzo aliniambia kwa uhakika kwamba nambari sahihi ni 74. Alikuwa amewaondoa wanakandarasi wa kaunti, kwa sababu, alisema, hao hulipa pale serikali inapowalipa. Hesabu yake ilikuwa sahihi. Ila mabati yao yalikuwa yametoka ghala lile lile, na benki haikuwa imewaondoa katika riba yake.

Tulikubaliana mambo machache. Kipimo kiwe kimoja, chenye wateja wote. Kamisheni zilipwe pesa zikiingia, jambo lililozua manung'uniko ya wiki mbili na kumwondoa muuzaji mmoja. Meneja wa mauzo akapewa siku za wadaiwa pamoja na ruhusa ya kusimamisha lori, na akaomba kitu kimoja ambacho sikukitarajia: orodha ya wadaiwa isipangwe kwa majina ya wateja wala kwa ukubwa wa madeni, ipangwe kwa jina la aliyeidhinisha mkopo.

Mwezi wa tatu nilirudi kusikiliza. Orodha mpya iligawiwa, kurasa mbili na nusu, na nyuso zikainamia karatasi badala ya kugeukiana. Kati ya shilingi milioni 84 zilizokuwa nje, milioni 31 zilikuwa chini ya jina la mkurugenzi mkuu mwenyewe, kwa wateja watatu aliowaidhinisha kwa simu. Aliisoma kimya hadi mwisho, akarudi ukurasa wa kwanza, kisha akamuuliza mkuu wa fedha kama ile safu ya majina ni lazima iwepo.

"Mimi ni mizani tu, mzee," mama yule akajibu, bila kuinua macho kutoka kwenye daftari lake.

Chini, nondo zilikuwa zikishushwa. Mzee alisubiri kelele zipungue, akatoa simu mfukoni, akalitafuta jina la kwanza, akatoka nje kupiga.